Udongo wa Nangiro

Kibuyu cha maji kilimfikia Akeno mkononi kabla hajamaliza kukiomba.

Alikuwa ameketi mlangoni pa kibanda chake pembeni mwa mji wa Kakuma, jua limesimama utosini, mjukuu amelala mapajani, koo limemkauka. Alihisi mtu amejongea karibu, akadhani ni Yar, yule mwanamke Mdinka wa kambi ya wakimbizi aliyekuwa akija kila siku kumsaidia. Alitaka kusema nipe maji. Neno lilikuwa bado ulimini, na tayari shingo ya kibuyu ilikuwa imetua kwenye kiganja chake, taratibu, kama anavyopewa mtu anayependwa. Akanywa. Vidole vilivyokipokea kibuyu tena vilikuwa baridi na vimelowa.

"Asante, mwanangu," Akeno akasema.

Hapo ndipo aliposikia patipati za Yar, ndala zake za plastiki, kwa mbali, upande wa barabara, pata, pata, pata, na sauti yake ikisalimiana na wapita njia kwa kile Kiturkana chake cha kuokoteza. Akeno alizifuata patipati kwa sikio mpaka zikasimama mbele yake.

"Mama, uko mzima? Leo jua iko kali sana," Yar akasema. "Ngoja nikupe maji."

"Nimeshakunywa."

"Nani alikupa?"

Akeno alinusa hewa. Pua yake ilikuwa imenasa harufu ya mchanga uliolowa, ule wa mto Tarach siku mafuriko yanapopungua, na mto wenyewe ulikuwa mkavu, watoto wanachimba visima ndani yake kutafuta maji ya kunywa. Alikipangusa kiganja kwenye shuka, akakipangusa tena, kisha akamvuta mtoto kifuani.

Akeno hakuwa mwoga, asidhaniwe hivyo. Kabla macho hayajamwishia alikuwa akibeba kuni kutoka ng'ambo ya mto mpaka kambini, mzigo ambao wanaume wawili wangeutazama tu na kuanza kuulizana habari za mgongo. Ndivyo alivyojuana na Yar: mmoja anauza, mwingine ananunua, wakagombania bei mpaka wakapendana. Kisha ukungu ukaanza jicho la kulia, ukahamia la kushoto. Watu wa zahanati walisema ni mtoto wa jicho, macho yote mawili. Kufikia mwaka 2012, wakati Turkana nzima inazungumza habari za mafuta yaliyogunduliwa kusini, Akeno alibakiwa na weupe mchana na weusi usiku, basi.

Binti yake wa pekee, Apajok, alishikwa na uchungu wa kuzaa siku ambayo Tarach ilifurika ikakata njia ya hospitali. Alijifungulia ukingoni, juu ya mchanga, na damu haikukubali kusimama. Mtoto alipona. Akeno alimpokea kwa mikono yake, akamkausha, akamwita Nangiro, na tangu siku hiyo akamlea kwa maziwa ya mbuzi na uji wa kambini. Uso wake hajawahi kuuona hata mara moja.

Mtoto asiyetambaa unaweza kumlea ukiwa kipofu. Anayetambaa ni habari nyingine. Siku moja Nangiro alimponyoka, akaenda mpaka mafigani, na Akeno akamfikia kwa kufuata kilio. Unyayo wa kushoto uliungua. Ulipopona ulibaki na kovu nene lililokunjamana kama gome la mti, na kila siku kabla ya kulala Akeno alilipapasa kwa kidole gumba huku akijichukia. Alitaka macho kwa ajili ya kitu hicho kimoja, kumlinda mtoto wa Apajok. Mambo mengine ya dunia alikwisha kuyaona ya kutosha.

Baada ya siku ya kibuyu, mambo ya kusaidiwa yakaongezeka. Fimbo yake ikianguka, inarudi mkononi. Kuni zikiisha motoni, zinaongezwa. Nangiro akitambaa kwenda mbali, analetwa, anawekwa mapajani pake, na nguo ya mtoto inanuka mchanga wa mto. Mwenye macho labda angeshukuru. Akeno alizidi kumkumbatia mtoto.

Jioni moja jua limekwisha kuzama, baridi imeanza kushuka, akasikia sauti ya Yar karibu kabisa na sikio lake.

"Mama, uko mzima? Leo jua iko kali sana."

Akeno alisubiri patipati. Hapakuwa na patipati.

"Yar," akanong'ona, "watoto wako wamekula?"

Kisha sauti ile ile, kwa mvuto ule ule, na pumzi ile ile ya mtu aliyetembea juani: "Ngoja nikupe maji."

Ndipo alipoelewa. Kitu hicho hakikuwa na maneno yake chenyewe. Kilikuwa na yale tu kiliyoyaokota mlangoni pake, kama kunguru anavyookota vijiti vya kujengea.

Kesho yake akatuma watu wamwite Lochakapong. Huyo alikuwa emuron, mwaguzi wa Waturkana, mzee ambaye hata wanaokwenda kanisani kila Jumapili walijua njia ya kufika kwake. Alikuja, mbuzi wa Akeno akachinjwa, na mzee akachuchumaa juu ya matumbo akiyasoma muda mrefu.

"Mama Apajok," akasema hatimaye, "huyu ni ekipe, jini wa mtoni. Amekufuata tangu binti yako afe pale mchangani. Alikupa kitu?"

"Maji."

"Ulimshukuru?"

"Nilidhani ni Yar. Nilimshukuru."

"Ulimwitaje?"

Akeno alikumbuka. "Nilimwita mwanangu."

Mzee alifukuza nzi waliotua kwenye damu. "Ekipe hana mama," akasema kwa sauti ya chini. "Anazunguka na kuzunguka akitafuta pa kuingia. Wewe umemwita mwana, naye amekubali. Sasa anataka kulala pale mwana anapolala, na kubebwa pale mwana anapobebwa."

"Na Nangiro?"

"Nafasi ni moja, mama Apajok."

Akachanganya emunyen, ule udongo mweupe wa kinga, akampaka Akeno usoni kote, kuzunguka macho, kope na nyusi, kisha kifuani. Akampaka na mtoto. "Mwenye udongo huu, ekipe hawezi kumgusa," akasema. "Udongo ukitoka, usiniite." Na kweli harufu ikaondoka. Kibuyu kikarudi kuwa kibuyu, cha kutafutwa kwa kupapasa, na Akeno alikipapasa kwa furaha.

Basi huo ulikuwa mwaka mpya wa 2013, na ingekuwa hadithi fupi kama Yar asingefika siku moja akihema, patipati zinakimbia.

"Mama, daktari ya macho imekuja. Wanaangalia watu pale uwanjani. Wakikukubali, wanakupasua Lodwar, bure, unaona. Twende sasa hivi."

Walikwenda. Muuguzi alikuwa msichana wa mjini mwenye mikono iliyonuka spiriti. Alimfungua Akeno kope, akammulika kwa tochi, akamwuliza anaona vidole vingapi, akamulika tena.

"Mama, macho yako inatibika," akasema. "Tutaanza na moja, hii ya kulia. Ndani ni nzima kabisa, ni hii weupe tu imefunika."

Akeno alishika ukingo wa kiti. Kwa miaka yote ile hakuna mtu aliyekuwa amemwambia neno hilo, inatibika, na sasa lilimwingia mwilini kote mpaka akaona haya.

"Lakini hii udongo," muuguzi akaendelea. "Angalia, kope imevimba, tongotongo imejaa. Lazima itoke yote. Utaosha uso na sabuni asubuhi na jioni, utatia hii dawa ya matone, na hakuna udongo tena, hakuna mafuta, hakuna majivu, mpaka siku ya Lodwar. Hatuwezi kupasua jicho iko na uchafu kando. Ikiingia ndani, jicho inaoza, na hapo hakuna daktari atakusaidia."

"Na nisipoosha?"

"Tutakurudisha nyumbani."

"Mtakuja tena lini?"

"Sijui, mama. Hata mimi naletwa tu."

Akeno alifungua kinywa. Angemwambia nini? Kwamba uchafu ule ndio unaomzuia mtu asiye na mama asimchukue mjukuu wake? Msichana alikuwa na foleni ndefu na sauti iliyochoka. Akeno alikifunga kinywa, akapokea dawa.

Alikwenda mwenyewe kwa Lochakapong, Yar akimwongoza akidhani wanakwenda kuaga. Yar alibaki nje na mtoto. Ndani, Akeno alipiga magoti, jambo ambalo hakuwahi kumfanyia mwanamume yeyote, hata marehemu mumewe.

"Nifanyie kitu, mzee. Bila macho mtoto atakufa motoni au kisimani. Bila udongo atachukuliwa. Nichague kifo kipi?"

"Emunyen haichanganyiki na sabuni."

"Mzee, nakuomba."

Lochakapong alivuta ugoro, akapiga chafya, akakaa. "Wewe mwenyewe ekipe hana haja nawe," akasema hatimaye. "Atakusumbua tu. Anachotaka ni nafasi ya mtoto. Basi osha uso wako. Fungu lako lote tumpake yeye." Mtoto akaletwa ndani, na mzee akampaka kuanzia utosini mpaka vidole vya miguu, nene, tabaka juu ya tabaka, Nangiro akipiga kelele kama anayechinjwa. "Huyu asiguswe na tone la maji mpaka urudi nyumbani na jicho lako. Umenisikia?"

"Nimesikia."

Nje akamwambia Yar: mtoto haoshwi mpaka turudi, ni mambo yetu ya kimila, usiniulize. Zaidi ya hapo hakusema. Yar alikuwa mwimbishaji kanisani, na Akeno aliona aibu kumtajia ekipe. "Sawa, mama," Yar akajibu, kwa namna ile watu wanavyowajibu wazee sawa.

Jioni ya kwanza Akeno aliosha uso. Sabuni ilimwuma, maji yakachuruzika meupe, na kabla hajajifuta, harufu ya mchanga uliolowa ilikuwa tayari imeketi kando yake.

Haikuondoka tena. Ilikuwa pale akila, ilikuwa pale akitia matone, na ilikuwa imejifunza. Asubuhi alisikia sauti ya yule msichana wa tochi ikisema nyuma ya kibanda, "Mama, macho yako inatibika," na baada ya kitambo, "hakuna daktari atakusaidia." Kila alasiri Yar wa kweli alipofika alikuwa na kawaida ya kusema, "Nipe mtoto, mama, wewe pumzika," na Akeno alikuwa na kawaida ya kumpa. Sasa akaanza kumwuliza kwanza maswali ya ajabu: umevaa nguo gani, jirani yako amejifungua, kanisani mliimba nini. Yar alijibu akicheka, akidhani mama anaogopa kisu na anatafuta mazungumzo.

Siku mbili kabla ya safari upepo wa mchana ulivuma na mchanga, watu wote wamejifungia, hata mbuzi wamenyamaza. Akeno alikuwa ndani na Nangiro amemfunga kifuani kwa shuka. Sauti ikaanza mlangoni.

"Nipe mtoto, mama."

"Yar, jana ulipika nini?" akauliza, ingawa alijua si yeye.

"Nipe mtoto, mama, wewe pumzika," na sasa haikuwa mlangoni tena bali ukutani, kisha nyuma ya mgongo wake, kisha juu, kwenye matawi ya paa, ikizunguka bila hatua, ikisema yale yale kwa upole ule ule wa Yar, nipe mtoto, mama, nipe mtoto, na Akeno akizunguka nayo huku amekumbatia kifua chake, uso wake mtupu usio na udongo ukihisi pumzi ya baridi ikipita shavuni, puani, kwenye kope zilizooshwa, mpaka kitu kama kidole kililigusa shuka, kikaingia polepole kwenye mkunjo, kikaufikia utosi wa mtoto penye udongo, na hapo ukasikika mlio kama wa maji yanapomwagwa kwenye mchanga wa moto, na kitu kikarudi nyuma. Nangiro alilia. Akeno alikaa chini akamshukuru Akuj, Mungu wa Waturkana, na Lochakapong kwa pamoja, na moyo wake haukutulia mpaka upepo ulipokwisha.

Walisafiri na lori la kanisa, wagonjwa na wasindikizaji wao, vumbi mpaka kwenye meno. Njiani kote Akeno alinusa hewa na hakupata harufu ile. Ekipe wa mto ana mto wake, alijiambia, amebaki Kakuma. Kwa mara ya kwanza tangu siku ya kibuyu alilala usingizi wa kweli, katika ukumbi wa kanisa moja mjini Lodwar ambamo madaktari walikuwa wameweka kambi yao. Katika furaha yake alisahau kwamba Lodwar nayo ina mto, Turkwel, na kwamba unapita si mbali na ukumbi ule.

Alfajiri wakaanza kuandaliwa. Akeno alivuliwa shanga, akaoshwa uso na mikono na dawa ya rangi, akapunguzwa nywele za kope, akabandikwa plasta kwenye paji juu ya jicho la kulia ili daktari asikosee, akatiwa matone ya kupanua mboni, kila mara yakimchoma. "Hii mikono sasa ni safi, mama," muuguzi akamwambia. "Usishike kitu chochote kichafu."

Yar alikuwa kwenye bomba la maji nje, na Nangiro mgongoni. Hapo mbele yake mwanamke mmoja alikuwa akigombezwa mbele za watu na mhudumu, kwa kuleta mtoto mchafu mahali pa kupasulia macho. Yar aliwahi kusimamishwa vivyo hivyo, mwaka aliofika kambini, na mwanawe mwenyewe, na aibu ile haikuwahi kumtoka. Alimtazama Nangiro, mweupe kwa udongo kuanzia kichwani mpaka miguuni, unabanduka vipande vipande. Akafikiri: watamrudisha mama kwa ajili ya hii. Akatoa sabuni. Alimwosha kwa upendo, akimwimbia, akampaka mafuta, akamfunga katika shuka safi mpaka kwenye shingo.

Alimrudisha mtoto mapajani kwa Akeno pale kwenye benchi la kungojea. "Ningoje, mama, nakuja sasa hivi," akasema, akaenda kumwaga maji machafu na kusuuza beseni. Akeno alimshika mtoto kwa viwiko, juu ya shuka, akivikunja vidole vya mikono yake safi mbali na udongo aliojua upo pale. Pua yake ilikuwa imejaa dawa.

"Akeno kutoka Kakuma," mtu akaita. "Ingia, mama. Haraka, daktari anangoja. Mtoto haingii."

"Yar," Akeno akaita.

"Nipe mtoto, mama, wewe pumzika."

Sauti ilitoka karibu, mbele yake. Hakuuliza Yar amekula nini wala amevaa nini. Kwa nini aulize, na mtoto ana udongo wa watu wawili mwilini? Akanyoosha viwiko, mzigo ukachukuliwa taratibu, na mkono wa muuguzi ukamshika begani ukampitisha pazia.

Alilazwa chali. Akadungwa ganzi chini ya jicho, akafunikwa uso kwa kitambaa chenye tundu, na kichuma kidogo kikazishika kope zisifunge. "Usitikisike sasa," daktari akasema, kwa Kiswahili kizuri, akiinama. "Hata kidogo. Ukitikisika utalipoteza hili jicho."

Na hapo, ng'ambo ya pazia, zikaja patipati.

"Mama yangu ameingia?" Yar alikuwa akimwuliza mtu. "Nilisema aningoje. Nilienda kumwaga maji tu, nimeosha mtoto vizuri na sabuni, udongo yote imetoka. Sasa mtoto iko wapi?"

Akeno alisikia kila neno, na kila neno lilimwingia kama sindano ile, na mwili wake wote ukataka kuruka kutoka mezani, miguu, kifua, koo lililojaa jina la mtoto, lakini chuma kilikuwa tayari ndani ya jicho, akikihisi kama uzito usio na maumivu ukisogea, na mkono wa daktari juu yake, na sauti ikisema vizuri, mama, vizuri sana, usitikisike, naye akalala pale kama maiti huku machozi yakimtoka kwenye jicho lile jingine na kuingia sikioni, akisikiliza patipati zikienda huku na huko, zikienda, zikirudi, mpaka mtu akasema nje, "Si huyu hapa, chini ya benchi. Amekaa peke yake, ametulia tu."

"Asante Mungu," Yar akasema.

Akeno aliachia pumzi. Labda mwanamke mwingine alimpokea akamweka chini. Labda. Mpaka anafungwa bandeji alikuwa akilirudia neno hilo. Watoto hawakuruhusiwa kulala na waliopasuliwa, kwa hiyo Yar alilala na Nangiro kwenye hema la nje, na kila Akeno alipouliza kupitia dirishani, Yar wa kweli, mwenye patipati, alijibu: "Iko hapa, mama. Imelala. Kwaisa, iko sawa kabisa."

Asubuhi wagonjwa walipangwa barazani. Muuguzi alifika kwa Akeno, akabandua plasta, akaifuta kope.

"Fungua polepole."

Mwanga ulimjaa kichwa chote. Kisha mwanga ukaanza kugawanyika: hili bluu, hili kahawia, hiki kiganja chake mwenyewe, kimezeeka bila yeye kujua. Aliona aproni ya muuguzi. Aliona mwanamke mrefu, mrefu kuliko sauti yake, amesimama akilia na kucheka, na Akeno akajua huyu ndiye Yar. Wanawake wakapiga vigelegele. Akeno naye alilia, kwa furaha tupu, na muuguzi akamkataza kulia.

"Na huyu ndiye Nangiro yako," Yar akasema, akamweka mapajani pake.

Alikuwa mtoto mzuri. Paji lilikuwa la Apajok, lile lile, na midomo ilikuwa ya Apajok. Akeno alimtazama kwa uchu kama mtu anayekula baada ya njaa. Akauinua mguu wa kushoto, na pale unyayoni akaliona kovu, jeusi, limekunjamana, kama alivyolifikiria siku zote. Akacheka kwa sauti. Labda ile ikawa kweli: mwanamke mwingine, benchi, basi.

"Hajalia tangu jana hata kidogo," Yar akasema. "Maziwa anakunywa kimya kimya. Anakuangalia tu."

Mtoto alikuwa akimwangalia kweli, bila kupepesa.

Kwa mazoea tu, kidole gumba cha Akeno kilikwenda unyayoni. Kilipita juu ya kovu. Kikarudi. Akalitazama kovu chini ya kidole chake, kila mkunjo wake, na kidole hakikukuta mkunjo wowote. Ngozi ilikuwa laini na baridi, kama jiwe la mtoni. Jicho lilisema kovu lipo. Kidole, ambacho kilimlea mtoto huyu tangu mchangani, kilisema hakuna.

Akeno alilifumba jicho.

Harufu ya mchanga uliolowa ikaja yote kwa pamoja. Na mwanga ulipoondoka kichwani, masikio yake yakafunguka kama zamani, yakapita juu ya vigelegele, juu ya magari na kengele ya kanisa, yakafika ng'ambo ya ua, kwenye miti ya mikoma ya mto Turkwel, na huko mtoto alikuwa akilia. Kilio kilikuwa kimekauka, cha mtu aliyelia usiku kucha. Alikifahamu. Aliwahi kukifuata mpaka motoni.

Yule wa mapajani akapanda kifuani, akamwekea mdomo sikioni, na kwa sauti ya Akeno mwenyewe, ya mwanamke mwenye kiu aliyeketi mlangoni pake, akasema, "Asante, mwanangu."

Akeno alinyanyuka naye kifuani. Alipapasa mpaka akaipata fimbo yake.

"Mama, unaenda wapi?" Yar aliuliza. "Fungua jicho. Si unaona sasa?"

"Usizungumze, Yar," Akeno akanong'ona. "Nakuomba, usizungumze. Nasikiliza."

Akalifunika jicho lake jipya kwa kiganja, akatanguliza fimbo, akaanza kutembea kuelekea mtoni kwa kufuata kilio, na kile alichokibeba kikamshika shingoni kwa mikono miwili.